Barabara ya Jogoo na Haki ya Mpita Njia

Hotuba iliyosomwa na wakili wa Mahakama Kuu mbele ya wanaharakati na waumini wa makanisa ya mitaa ya mashariki ya Nairobi.



Barua yenu iliniomba nizungumzie Katiba na haki za raia. Nilipoketi kuandika nilijikuta katika njia panda, kwa maana Katiba yetu ya mwaka wa 2010 ina vifungu 264, na sisi mawakili tuna desturi mbaya ya kuvisoma mbele ya watu kana kwamba tunasoma orodha ya bei dukani. Wasikilizaji husinzia, wakili hupigiwa makofi, na kila mtu hurudi nyumbani kama alivyokuja. Leo sitafanya hivyo. Nitazungumza juu ya njia ambayo wengi wenu mmeipita asubuhi hii ili kufika hapa, yaani Barabara ya Jogoo.

Nina sababu. Mimi ni mzaliwa wa Jericho. Marehemu baba yangu alikuwa fundi wa mitambo katika kiwanda kimoja huko Industrial Area, na kila alfajiri aliivuka barabara hii kwa miguu kwenda kazini, na kila jioni akaivuka tena kurudi. Alifanya hivyo kwa miaka ishirini na mitatu, wala hakuwahi kumiliki hata baiskeli. Nilipokuwa mtoto nilidhani barabara ile ilijengwa kwa ajili yake na wenzake. Nilipokuwa mtu mzima, nikasoma sheria na kuanza kufungua majalada ya kesi za mitaa hii, ndipo nilipotambua kwamba waliochora barabara na nyumba za kandokando yake walihitaji nguvu za baba yangu, lakini hawakuhitaji maoni yake. Hakuna aliyewahi kumwuliza neno. Na leo, tukiwa na Katiba mpya na mipango mipya, swali langu kwenu ni kama mtoto wake na majirani zake wanaulizwa.

Tuanze na jina. Wazee wanakumbuka kwamba iliitwa Doonholm Road. Doonholm lilikuwa shamba la mlowezi James Kerr Watson upande wa mashariki wa mji, na mtaa wa Donholm wa leo umerithi jina hilo. Baada ya Uhuru jina la shamba la mlowezi likaondolewa, na mahali pake akawekwa jogoo, ndege yule yule aliyekuwa nembo ya KANU. Kwa hiyo katika miaka ile ambayo kudai vyama vingi kungeweza kumpeleka mtu kizuizini, wadai mageuzi waliokaa Maringo na Kaloleni walilazimika kupita katika barabara yenye jina la alama ya chama tawala ili waende kukipinga chama hicho hicho. Wazee waliokuwapo wananiambia kwamba wakati huo hakuna aliyecheka.

Barabara yenyewe huanzia kwenye mzunguko wa City Stadium, uwanja ambao sasa umepewa jina la mwanasoka Joe Kadenge, ikaelekea mashariki hadi Outer Ring Road. Lakini huwezi kuieleza bila kuitaja Landhies Road inayoileta kutoka mjini, kwa sababu kwa mwenda kwa miguu hiyo ni safari moja. Utapita Muthurwa, stendi ya mabasi ya Machakos, Shauri Moyo na soko la Burma. Kisha utaanza kuipita mitaa ya Kaloleni, Makongeni, Mbotela, Maringo, Jericho, Hamza na Makadara, hadi uone njia ya kuingia Buruburu, na mbele yake Donholm. Ukiwa na macho ya kusoma, utakuwa umesoma historia ya nchi nzima kwa mwendo wa saa moja na nusu hivi.

Utawala wa kikoloni uliugawa mji huu kwa rangi. Nyanda za juu za magharibi zenye hewa safi na udongo mwekundu zilikuwa za Wazungu. Waasia wakapewa Ngara, Parklands na Eastleigh. Mwafrika akasukumwa mashariki, kwenye tambarare yenye udongo mweusi unaonata wakati wa mvua, karibu na reli na viwanda. Ukiitazama ramani utaona kwamba mpango ule ulikuwa na mantiki yake: mfanyakazi akae karibu kiasi cha kuweza kutembea hadi kazini, na mbali kiasi cha kutoonekana baada ya kazi. Zaidi ya hayo, Mwafrika hakuhesabiwa kuwa mkazi wa mji. Alikuwa mgeni mwenye kipande shingoni, ambaye alitarajiwa kurudi kijijini nguvu zikimwishia. Ndiyo maana nyumba nyingi za kwanza zilikuwa chumba kimoja cha mwanamume asiye na mke, au kitanda tu ndani ya chumba cha wenzake. Kaloleni, iliyojengwa katika miaka ya 1940, ilikuwa miongoni mwa mitaa ya mwanzo kukubali kwamba Mwafrika wa Nairobi anaweza kuwa na mke na watoto. Makongeni ilikuwa ya wafanyakazi wa reli. Buruburu ilikuja baadaye sana, kuanzia miaka ya 1970, kwa ajili ya wenye mishahara inayoweza kubeba mkopo wa nyumba, na mpaka leo mtu wa Buruburu hukuambia anaishi Buruburu kwa sauti tofauti kidogo. Naomba radhi kwa ndugu wa Buruburu walio humu.

Majina ya mitaa nayo yanasema. Mbotela ni jina la Tom Mbotela, aliyekuwa kiongozi katika chama cha KAU. Ofafa ni jina la Ambrose Ofafa, aliyekuwa diwani wa mji. Wote wawili waliuawa jijini katika miaka ya mwanzo ya Hali ya Hatari, Mbotela mwaka wa 1952 na Ofafa mwaka uliofuata. Mimi mwenyewe nililelewa katika mtaa ambao jina lake kamili ni Ofafa Jericho, na nilifika chuo kikuu kabla ya kujua kwamba Ofafa alikuwa mtu. Shule zetu zilitufundisha urefu wa mto Nile.

Lakini jengo ambalo ningependa mlitazame kwa heshima mnapopita ni ukumbi wa Kaloleni. Tarehe 23 Aprili 1950 ulifanyika humo mkutano wa pamoja wa KAU na chama cha kisiasa cha Wahindi wa Afrika Mashariki. Makhan Singh, kiongozi wa wafanyakazi, akasimama na kutoa pendekezo kwamba nchi hizi zipewe uhuru kamili. Fikirini ujasiri huo. Alikuwa Mhindi, akisimama katika mtaa wa Waafrika, akidai uhuru miaka kumi na mitatu kabla haujapatikana. Tarehe 15 Mei mwaka huo yeye na Fred Kubai wakakamatwa, na siku iliyofuata wafanyakazi wa Nairobi wakagoma. Wagomaji wengi walitoka katika mitaa hii hii. Makhan Singh alikaa kizuizini hadi mwaka wa 1961, zaidi ya miaka kumi na mmoja, na jiji lililonufaika na pendekezo lake halikuona haraka ya kumkumbuka.

Ndugu zangu, kuanzia hapo habari ya barabara hii ni habari ya ruhusa. Ni nani anayetoa ruhusa ya kukutana, ya kupita, ya kulala? Serikali ya mkoloni ilidai kwamba ni yake. Serikali yetu wenyewe ilipoingia, sheria ya kulinda utulivu wa umma ikabaki ile ile, na mkutano wa hadhara ukaendelea kuhitaji leseni ya ofisa wa utawala. Mwaka wa 1982 kifungu cha 2A kikaingizwa katika Katiba ya wakati ule, kikifanya KANU kuwa chama pekee. Mwaka uliofuata Baraza la Jiji la Nairobi likavunjwa, na jiji likatawaliwa na tume iliyoteuliwa hadi baada ya uchaguzi wa 1992. Kwa maneno mengine, kwa muda wa karibu miaka kumi mkazi wa Jericho hakuwa na diwani wa kumlalamikia juu ya maji machafu mlangoni pake.

Katika hali hiyo ndipo alfajiri ya tarehe 25 Mei 1990 askari waliingia Muoroto, kijiji cha vibanda karibu na stendi ya Machakos, wakaanza kubomoa. Watu walipambana nao kwa mawe. Makanisa yakapaza sauti, na ni heshima kwa makanisa kwamba wakati ule, pale ambapo magazeti mengi yaliogopa na Bunge lilikuwa la chama kimoja, mimbari ilinena. Tayari mwanzoni mwa mwezi ule Kenneth Matiba na Charles Rubia walikuwa wamejitokeza hadharani kudai vyama vingi. Waliomba leseni ya mkutano katika uwanja wa Kamukunji tarehe 7 Julai. Wakanyimwa, na tarehe 4 Julai wakatiwa kizuizini. Watu walikwenda Kamukunji hata hivyo.

Ilikuwa Jumamosi. Nilikuwa na umri wa miaka tisa. Baba alikuwa amekwenda kazini kwa zamu ya nusu siku, na saa nane mchana alikuwa bado hajarudi. Mama alifunga madirisha akatuweka chini ya kitanda, akamwagia maji taulo na kuliziba chini ya mlango, kwa sababu moshi wa vitoa machozi ulikuwa umefika hadi kwetu. Baba alirudi usiku, kiatu kimoja hakipo. Alituambia kwamba alipofika barabarani alikuta askari wamejipanga, na mmoja wao, kijana kabisa, akamwambia, “Mzee, hapa hapapitwi.” Baba alimwonyesha kitambulisho cha kazi, akamwonyesha upande iliko nyumba yake. Yule kijana akamjibu, “Nimesema hapapitwi.” Akazunguka kwa kufuata reli. Mimi nilipata jibu la kwanza la sheria maishani mwangu usiku ule, nilipomwuliza kama alikuwa amefanya kosa gani. Alisema, “Kosa langu ni kukaa upande huu.”

Ghasia ziliendelea kwa siku kadhaa, na watu wasiopungua ishirini wakapoteza maisha. Novemba 1991 watu walitaka kukutana tena Kamukunji, na mkutano ukavunjwa tena kwa virungu. Mwezi mmoja baadaye kifungu cha 2A kikafutwa. Nayajua maneno ya wale wasemao kwamba kilifutwa kwa sababu ya wafadhili wa ng'ambo kufunga mikoba yao. Mikoba ilifungwa, ni kweli. Hata hivyo mfadhili hakukanyaga Landhies Road tarehe 7 Julai.

Sheria yenyewe ilichelewa kidogo kuwafuata watu. Ni mwishoni mwa mwaka wa 1997 ndipo sharti la leseni lilipoondolewa, na tangu hapo anayeitisha mkutano au maandamano hatakiwi kuomba ruhusa bali kuwaarifu polisi, angalau siku tatu kabla na si zaidi ya siku kumi na nne. Nawaomba viongozi wa vikundi mlishike hilo vizuri, kwa maana bado nakutana na maofisa wanaowaambia vijana, “Hamkupewa ruhusa.” Taarifa si ombi. Na kifungu cha 37 cha Katiba ya 2010 kimelikomelea jambo hilo msumari: kila mtu ana haki ya kukusanyika, kuandamana na kupeleka malalamiko kwa wenye mamlaka, kwa amani na bila silaha.

Sasa nije kwenye nyumba, kwa kuwa ndiko roho zilizo juu juu hivi leo.

Pale Muthurwa, mwanzoni kabisa mwa Landhies Road, palikuwa na nyumba za reli ambamo waliishi wafanyakazi wa shirika hilo, wastaafu, na familia zao. Ardhi ikawa mali ya mfuko wa pensheni wa wafanyakazi wa reli, na wadhamini wa mfuko huo wakataka kuiendeleza. Mwaka wa 2010 wapangaji wakatakiwa wahame. Ubomoaji ukaanza watu wakiwa bado wamo. Wapangaji kumi na wawili wakaenda Mahakama Kuu kwa niaba ya wenzao, wakiishika Katiba iliyokuwa haijatimiza hata mwaka mmoja.

Kesi ile ni vyema muielewe, maana inatajwa sana na inafahamika kidogo. Mahakama haikusema kwamba wapangaji wakae Muthurwa milele. Haikusema kwamba mwenye ardhi hana haki ya kuijenga. Jaji Isaac Lenaola, katika hukumu ya Agosti 2013, alikubali kwamba wadhamini walikuwa na haki zao, kisha akasema kwamba namna walivyotaka kuwaondoa watu ilivunja haki ya makazi na utu wa wapangaji. Akaagiza pande zote zikae pamoja zipange jinsi uhamisho utakavyofanyika kwa ubinadamu. Akaitaka pia Serikali ieleze mahakama ina sera gani juu ya kuwahamisha watu kwa nguvu, kwa sababu mpaka wakati huo nchi haikuwa na sheria ya jambo hilo. Fikirini: tangu enzi za mkoloni watu wanabomolewa nyumba katika mji huu, na mwaka wa 2013 jaji bado anauliza sheria iko wapi!

Sheria ikaja mwaka wa 2016, ndani ya marekebisho ya Sheria ya Ardhi. Wenye kalamu waandike. Anayetaka kuwaondoa watu katika ardhi yake ya binafsi lazima atoe taarifa ya maandishi ya miezi mitatu. Ikiwa ardhi ni ya umma, taarifa ya miezi hiyo hiyo hutolewa kwa maandishi, katika Gazeti Rasmi la Serikali, katika gazeti linalosomwa nchi nzima, na kwa redio. Aliyepewa taarifa anaweza kwenda mahakamani kabla muda haujaisha. Siku ya kuhamishwa yenyewe, wanaofanya kazi hiyo lazima wajitambulishe na waonyeshe idhini yao. Watoto, wazee, wanawake na walemavu walindwe. Mali iliyoachwa nyuma itunzwe. Nguvu isizidi kiasi. Na mwenye nyumba apewe nafasi ya kwanza ya kuibomoa mwenyewe na kuokoa mabati yake. Hili la mwisho wengi hawalijui. Mabati na mbao ni mali yako. Tingatinga linalokuja usiku bila taarifa limevunja sheria hata kama ardhi si yako. Na Mahakama ya Juu, katika kesi ya kijiji cha Mitumba karibu na uwanja wa ndege wa Wilson, ilitamka Januari 2021 kwamba hata waliojenga katika ardhi ya umma kwa kukosa pengine pa kwenda wanaweza kuwa na haki ya makazi inayopaswa kulindwa.

Kwa nini nayasema haya hapa? Kwa sababu mitaa mikongwe ya barabara hii yote imo katika mipango ya kubomolewa na kujengwa upya kwa maghorofa. Makongeni imeshaanza kuonja: nyumba za zamani zilibomolewa mwaka wa 2025 ili kupisha nyumba za mpango wa serikali, zile zinazogharimiwa na tozo ya asilimia moja na nusu ya mshahara chini ya sheria ya mwaka wa 2024. Majina ya Maringo, Jericho na Bahati yamekuwa yakitajwa katika mipango ya jiji kwa miaka mingi. Sitaki mnielewe vibaya. Nyumba nilimozaliwa ilikuwa na choo cha kuchangia na bomba lililokauka kuanzia saa mbili asubuhi. Mtu anayezipenda nyumba zile kwa sababu ni za kale na aje alale humo mwezi wa Aprili paa linapovuja. Sipingi ujenzi. Ninapinga watu kuamkia wamejengewa.

Na hapa nitawapa siri moja ya kazi yangu. Miaka michache iliyopita niliwatetea wapangaji wa mtaa mmoja wa jiji, ambao sitautaja. Ofisi moja ilidai mahakamani kwamba wakazi walishirikishwa na wakakubali. Ushahidi wake ulikuwa nini? Karatasi ya mahudhurio. Watu walikuwa wameitwa ukumbini, wakapewa soda na mkate, wakatakiwa kuandika jina, nambari ya kitambulisho, nambari ya simu na sahihi. Mkutano ulidumu dakika arobaini, na maswali yakaahirishwa kwa sababu mgeni wa heshima alikuwa na safari. Karatasi ile ikapigwa nakala, ikaambatanishwa kwenye kiapo, na juu yake pakaandikwa kwamba wakazi 214 wameridhia. Bibi mmoja wa miaka sabini na zaidi aliponyoshewa sahihi yake alisema, “Wakili, mimi nilisaini soda.”

Tulicheka, lakini kesi ile ilituponyoka kwa sehemu kubwa. Kwa hiyo nawasihi: mkiitwa, nendeni. Asiyekwenda huhesabiwa kuwa hana neno. Mkifika, kabla ya kutia sahihi someni kichwa cha karatasi, na mbele ya jina lako andika kwa mkono wako, “Nimehudhuria tu.” Chagueni mtu wenu wa kuandika kumbukumbu. Ombeni mpango wenyewe kwa barua, kwani kifungu cha 35 kinampa raia haki ya habari iliyo mikononi mwa serikali, na sheria ya mwaka wa 2016 inamtaka ofisa ajibu ndani ya siku ishirini na moja. Ulizeni mambo ambayo baba yangu hakuulizwa. Ni nani atakayerudi katika nyumba mpya, na jina lake limeandikwa wapi? Kodi itakuwa kiasi gani? Wakati wa ujenzi mtakaa wapi, na watoto watasoma wapi? Mama mwenye kibanda cha mboga kando ya barabara, ambaye hulipa ushuru kila siku na kupewa risiti, na siku ya siku huambiwa amekaa katika hifadhi ya barabara, atakwenda wapi? Risiti hizo msizitupe, akina mama. Nimewahi kumtetea mtu kwa risiti zilizojaa mkebe wa maziwa ya watoto.

Juu ya wenda kwa miguu nitasema kwa ufupi tu. Takriban safari nne katika kila kumi za jiji hili hufanywa kwa miguu, na upande huu wa mji bila shaka ni zaidi. Hata hivyo simameni hapo nje saa kumi na mbili asubuhi mwone wafanyakazi wanavyolazimika kukimbia mbele ya matatu kama swala. Mpango wa mabasi ya mwendo wa haraka unapoletwa, swali la kwanza la mtu wa Makadara lisiwe rangi ya basi. Na liwe: nitavukia wapi?

Na sasa jambo la mwisho, ambalo ndilo lililonileta. Tarehe 7 Julai 2025, miaka thelathini na mitano kamili baada ya siku ile mama alipotuweka chini ya kitanda, polisi walifunga barabara kuu za kuingia katikati ya jiji. Wauguzi, walinzi, wachuuzi na vijana wa maandamano, wote kwa pamoja, walikuta vizuizi. Nilitembea asubuhi ile, na nikasikia askari akimwambia mwanamke mwenye sare ya hospitali maneno yale yale niliyoyarithi kwa baba yangu. Kifungu cha 39 kinasema kila mtu ana uhuru wa kwenda atakako. Sheria imebadilika mara nyingi tangu 1990. Sentensi ya askari haijabadilika.

Vijana wanaokamatwa katika mitaa hii mara nyingi huletwa katika mahakama za Makadara, kando ya barabara hii hii. Katiba inataka wafikishwe mbele ya hakimu ndani ya saa ishirini na nne, na inampa mshtakiwa haki ya dhamana kwa masharti ya haki. Hakimu hutoa dhamana. Shida huanza hapo. Kijana wa miaka ishirini, hana kazi, mama yake anauza chapati, anaambiwa alete shilingi kadhaa taslimu au mdhamini mwenye kitambulisho na mali. Saa kumi jioni ofisi ya malipo inafungwa. Kijana anapelekwa rumande kwa kosa ambalo pengine litafutwa baada ya miezi minne, na nimewaona wakirudi kutoka huko si wale waliokwenda.

Waumini wenzangu, mnajua kwamba katika mitaa yetu Jerusalem na Jericho ni majirani. Mtu hutembea dakika chache tu kutoka mmoja hadi mwingine. Mnakijua pia kisa cha msafiri aliyepigwa na kuachwa njiani kati ya miji yenye majina hayo. Nimesikia mahubiri mengi juu ya Msamaria yule, juu ya huruma yake, juu ya mafuta na divai na mnyama wake. Naomba mruhusu wakili aone jambo dogo lililomo mwishoni mwa kisa. Msamaria alimlipa mwenye nyumba ya wageni dinari mbili, kisha akaahidi kwamba gharama yoyote itakayozidi ataibeba yeye atakaporudi. Katika lugha ya mahakama huyo ni mdhamini. Aliweka jina lake na fedha zake kwa ajili ya mtu asiyemjua, akaacha shughuli zake zisubiri.

Ombi langu ni kila kanisa lililo kando ya barabara hii liwe na orodha ya wadhamini kumi. Watu kumi tu, wenye kitambulisho, wenye hati ya mshahara au cheti cha gari au cha shamba, walio tayari kupigiwa simu asubuhi na kufika Makadara kabla ya saa sita. Si lazima wakubaliane na siasa za kijana. Hakimu hawaulizi hilo. Mdhamini huahidi jambo moja tu, kwamba mshtakiwa atarudi kortini siku aliyopangiwa, na akitoroka atawajibika kwa kiasi kilichotajwa. Nawaambia ukweli huo waziwazi ili asiwepo atakayesema hakuelezwa. Mawakili sita tumekubaliana kufika huko kwa zamu bila malipo, lakini wakili haruhusiwi kumdhamini mteja wake, na hapo ndipo tunapokwama kila mara.

Fomu ziko kwa katibu, kwenye meza iliyo karibu na mlango. Zina nafasi ya jina, mtaa, namba ya simu na aina ya mali. Zisomeni kichwa chake kabla ya kutia sahihi. Hapana soda.